HAKIMU MWEMA WA MKOLONI: TUMSIFU KWA LIPI?



Siku hizi yako maneno yanayozunguka sokoni na barazani kwetu, tena yasemwa na watu wazima wenye akili zao. Wasema kwamba zamani za Wazungu haki ilikuwako. Wasema hakimu wa Kizungu hakula mbuzi wa mtu, hakuuliza wewe ni mtoto wa ukoo gani, wala hakuahirisha kesi mara kumi mpaka mshitaki akauza baiskeli yake kwa kutafuta nauli. Kisha huwaonyesha kidole mahakimu wa leo na kutikisa kichwa.

Sisi hatuna haja ya kumtetea hakimu wa leo anayekula mbuzi. Na aone haya. Lakini maneno yale ya zamani za Wazungu twayakataa, na leo tutaeleza kwa nini twayakataa.

Mwenye kubishana kwa hila angemchukua Mzungu mbaya kuliko wote, yule wa kukata mikono na kuchoma vijiji, aseme: Tazameni, hao ndio waliokuwa wakiwahukumu. Hiyo ni kazi rahisi mno. Sisi tutamchukua Mzungu mwema. Tutamchukua mtu aliyesoma, ambaye hatujasikia hata mmoja akimshitaki kwa rushwa. Aliyekuwa mwanasheria, akawa jaji mkuu, akawa mbunge, akawa naibu wa waziri, na ambaye katika Bunge la London alikuwa miongoni mwa wachache waliojali kuuliza habari za Mwafrika. Tukimweka huyo katika mizani na mizani ikamkataa, hatuna haja ya kuwapima wengine.

Jina lake ni Sir Robert William Hamilton. Alizaliwa mwaka 1867, akafa mwaka 1944. Tangu mwaka 1905 mpaka mwaka 1920 alikuwa mkuu wa mahakama katika nchi ambayo Waingereza waliiita Himaya ya Afrika Mashariki, ndiyo Kenya ya leo. Mwaka 1918 mfalme wao alimpa cheo cha Sir. Alipomaliza kazi yake alirudi kwao, na mwaka 1922 watu wa visiwa vya Orkney na Shetland, kaskazini kabisa mwa Scotland, walimchagua awe mbunge wao kwa chama cha Liberal. Alikaa katika kiti hicho miaka 13.

Mtasema: Huyo ni mtu wa Waingereza, na sisi tulitawaliwa na Wabelgiji, ametuhusu nini? Ndugu, njia ya kutoka Kasongo mpaka kwa Wamasai si ndefu kama mnavyodhani. Yuko Mzungu aliyeipita. Sidney Hinde, daktari Mwingereza aliyeandikwa katika jeshi la Leta, alikuwa pamoja na Dhanis siku Kasongo ilipotwaliwa, tarehe 22 Aprili 1893. Mwezi wa Septemba mwaka ule ule, maofisa wa Leta waliokuwa Ngandu walimkamata Gongo Lutete, ambaye bunduki zake ndizo zilizowasaidia kuwashinda Waarabu wa Nyangwe na Kasongo. Wakamshitaki kwa uhaini. Wakamhukumu wao wenyewe. Wakampiga risasi tarehe 15. Dhanis alimtuma Hinde kutoka Kasongo akimbie kuzuia jambo lile, naye alipofika siku mbili zilikuwa zimekwisha kupita. Itazameni sana tribinali ile: mshitaki ni ofisa, hakimu ni ofisa, na mwenye kufyatua bunduki ni askari wa ofisa. Hiyo ndiyo haki tuliyoletewa katika mwaka wa kwanza.

Huyu Hinde baadaye aliingia katika kazi ya Waingereza, akawa bwana mkubwa wa serikali katika nchi ya Wamasai. Mwaka 1901 yeye na mkewe walitoa kitabu, nacho walikiita The Last of the Masai, maana yake Wamasai wa Mwisho. Wamasai walikuwa hawajaisha. Walikuwa na ng'ombe wao na malisho yao, toka Bonde la Ufa mpaka Laikipia. Yaliyotaka kuwamaliza ndiyo kwanza yalikuwa yakija, na yalipitia mlango wa mahakama ya Bwana Hamilton.

Sikilizeni jinsi ilivyokuwa. Mwaka 1904 Waingereza walifanya mkataba na wakubwa wa Wamasai: tokeni katika Bonde la Ufa, mahali panapopita reli, maana Wazungu wanapataka, tutawapa nchi mbili, moja ya kusini na moja ya kaskazini huko Laikipia, nazo zitakuwa zenu madhali Wamasai wangali wapo duniani. Ndivyo walivyoahidi. Wamasai wakatoka. Baada ya miaka 7, walowezi wakaitamani na Laikipia pia. Mwaka 1911 ukaletwa mkataba wa pili: tokeni tena, nendeni kusini wote. Watu zaidi ya elfu kumi wakaswagwa na ng'ombe zaidi ya 175,000 na kondoo kama milioni moja, wakapita katika baridi na mvua ya milimani, wanyama wakifa njiani na watoto na wazee wakiugua.

Wamasai wa kaskazini hawakushika mikuki. Hili twataka vijana wetu walisikie vizuri, kwa sababu kila siku twaambiwa kwamba mtu mweusi hajui njia ya sheria. Walitafuta wakili. Walifungua kesi. Ole Njogo na wenzake waliishitaki serikali ya Waingereza mbele ya mahakama ya Waingereza, kwa karatasi ambayo Waingereza wenyewe waliiandika na kutia sahihi. Wakasema: Mlituahidi, ahadi yenu hii hapa, walioweka alama zao katika mkataba wa pili hawakuwa na ruhusa yetu.

Mahakama Kuu ya Mombasa, ambayo mkuu wake ni Hamilton, iliitupa kesi ile mwaka 1913. Na waliitupa kwa neno gani? Hawakusema kwamba Wamasai ni waongo. Hawakusema kwamba ahadi haikutolewa. Walisema hivi: nchi hii ni himaya tu, si mali ya Mfalme wa Uingereza, kwa hiyo Wamasai si raia wake, ni watu wa taifa la kigeni, mkataba huu basi ni mkataba wa mataifa mawili, na mambo ya mataifa mawili hayaamuliwi na mahakama ya ndani. Nendeni zenu.

Mmesikia, ndugu? Mtu amezaliwa Laikipia, babu yake amezikwa Laikipia, na leo jaji aliyekuja kwa meli amwambia: Wewe hapa ni mgeni, mahakama yangu haiwezi kukusikia. Kodi ya nyumba alipe kama raia. Akiiba ng'ombe wa mlowezi afungwe kama raia. Lakini siku anapodai ardhi yake yeye ni taifa la kigeni! Wamasai wakakata rufani. Mwezi wa Desemba mwaka ule ule majaji wa rufani, na mmoja wao ni Morris Carter, wakasema vile vile. Lishikeni jina hilo la Carter, tutakutana nalo tena. Kesi haikufika kamwe mbele ya wakubwa wa London. Daktari Norman Leys, Mzungu mwenye dhamiri aliyekuwa akitoa nje habari za dhuluma ile, alihamishwa akapelekwa Nyasaland.

Sasa twawauliza wanaosifu: mbuzi wako wapi hapa? Hakuna mbuzi. Hakuna aliyekula kitu. Mahakama ilikuwa safi, vitabu vilisomwa, mawakili walisikilizwa, majaji walivaa majoho yao. Na ilipokwisha, Wamasai walikuwa hawana Laikipia. Jaji mla mbuzi humwibia mtu mmoja mbuzi mmoja. Jaji msafi aliye chini ya sheria ya mnyang'anyi huweka muhuri juu ya wizi wa nchi nzima, kisha hulala usingizi mwema.

Na lililotukia baadaye lachekesha, kama si kwamba laliza. Mwaka 1920 Waingereza waligeuza jina la nchi ile, ikawa Koloni, mali ya Mfalme kabisa. Basi kwa akili ya kawaida wenyeji sasa ni raia wa Mfalme, si wageni tena. Mlango wa mahakama utafunguka. Mwaka 1921 Wakikuyu wakabisha hodi kwa shauri la shamba. Hamilton alikuwa ameondoka. Kiti chake kilikaliwa na Jacob Barth. Barth akawaambia: Kwa kuwa nchi sasa ni ya Mfalme, na ardhi yote ni ya Mfalme, ninyi ni wapangaji tu kwa hiari yake. Wamasai walishindwa kwa sababu ni wageni. Wakikuyu walishindwa kwa sababu si wageni. Sisi hatukusoma sheria katika vyuo vya London, lakini kesi ya nyani inapoamuliwa na ngedere twaitambua.

Tusimwache Hamilton upesi. Mwaka 1917 lilifika mbele yake shauri la mtu aitwaye Amkeyo, shauri la mali ya wizi. Shahidi mkubwa wa serikali alikuwa mwanamke ambaye Amkeyo alisema ni mke wake kwa ndoa ya desturi. Kwa sheria iliyotumika, mambo ya siri baina ya mume na mke hayawezi kutolewa katika ushahidi. Hamilton akajibu kwamba ndoa ya Kiafrika si ndoa. Aliona kwamba mwanamke hununuliwa kama chombo, hana hiari, tena mume aweza kuoa wengi; basi jina la ndoa halifai hapo, ni ununuzi wa mke tu. Kwa kalamu moja, mama zetu wote wakawa bidhaa na sisi sote tukawa wana wa bidhaa! Hukumu ile ilifuatwa na majaji miaka mingi katika nchi za Afrika Mashariki, mpaka Sheria ya Ushahidi ya Kenya ya mwaka 1963 ilipotambua kwamba ndoa ni ndoa hata kama ni ya wake wengi. Na hapa tena hatuoni chuki wala rushwa. Twaona mtu mpole aliyekaa karibu miaka 20 kati ya watu bila kujua kwamba mahari si bei.

Na katika siku zake za ujaji, mwaka 1911, mlowezi Galbraith Cole alimpiga risasi Mwafrika aliyemdhania mwizi wa kondoo. Yule mtu akafa. Baraza la waamuzi lilikuwa la Wazungu watupu, nalo likamwachilia Cole. Serikali ya London yenyewe iliona aibu ikamfukuza mlowezi huyo katika nchi kwa amri ya waziri. Yaani haki ndogo iliyopatikana haikutoka mahakamani hata kidogo. Ilitoka kwa wanasiasa walioogopa kelele.

Pengine ni mambo kama hayo yaliyomfundisha Hamilton, kwa kuwa alipoingia Bunge mwaka 1922 alikuwa na sauti nyingine. Aliuliza maswali juu ya kodi za wenyeji, juu ya kazi zao, juu ya ardhi. Walowezi wa Kenya hawakumpenda, na kuchukiwa na walowezi kwetu ni sifa njema. Hatumnyimi sifa hiyo. Lakini tazameni aibu iliyomo: mtu alikuwa na nguvu miaka 15, na neno lake lilikuwa hukumu, wakati ule alisema sheria hainiruhusu. Kisha akawa mbunge mmoja kati ya mamia, tena wa chama kilichokuwa kikififia, na neno lake likawa upepo. Wakati huo ndipo alipomkumbuka Mwafrika.

Mungu akampa nafasi ya pili. Mwaka 1931 serikali ya mseto ilipoundwa London, Hamilton alifanywa naibu wa Waziri wa Makoloni. Sasa alikuwa na kiti ndani ya nyumba yenyewe zinapopikwa amri. Ni katika mwaka wa 1932, yeye akiwa hapo, ilipoundwa Tume ya Ardhi ya Kenya, ile ya kusikiliza vilio vya Waafrika walionyang'anywa. Na mwenyekiti wa tume alikuwa nani? Sir Morris Carter! Yule yule aliyewafungia Wamasai mlango wa rufani mwaka 1913 ndiye aliyeletwa kuwauliza Waafrika kama mlango umefungwa. Taarifa ya Carter ilitoka mwaka 1934, nayo ilitoa fidia kidogo pembeni na kuacha Milima ya Wazungu mikononi mwa Wazungu.

Hamilton hakungoja mwisho wake. Mwezi wa Septemba 1932 alijiuzulu. Ndiyo, ndugu, alijiuzulu kwa kufuata dhamiri yake, yeye na wenzake wa chama. Lakini msipige makofi upesi. Hakujiuzulu kwa ajili ya Laikipia. Hakujiuzulu kwa ajili ya Carter. Alijiuzulu kwa ajili ya ushuru wa forodha, kwa kuwa chama chake kilitaka bidhaa ziingie Uingereza bila kutozwa! Hapo ndipo dhamiri ya Mzungu mwema ilipoamka: kwenye bei ya ngano na nyama. Mwaka 1935 wapiga kura wa Orkney na Shetland walimpumzisha.

Huyo ndiye bora wao. Sasa turudi kwetu.

Wabelgiji hawakujisumbua hata kuandika mikataba ya uongo kwa urefu ule. Agizo la tarehe 1 Julai 1885 lilitosha: ardhi isiyokaliwa ni mali ya Leta. Shamba lililopumzishwa halikaliwi. Msitu wa kuwindia haukaliwi. Makaburi ya kijiji kilichohama hayakaliwi. Hivyo kwa mistari michache nchi ya Wazimba, ya Wabangubangu, ya Wakusu na ya Wangwana wa Kasongo ikawa ya mtu mmoja wa Bruseli ambaye hakuwahi kuiona Lualaba.

Kisha ikaja pamba. Maniema ilikuwa kati ya sehemu za kwanza kabisa za Kongo kulimishwa pamba kwa lazima, tangu mwaka 1917. Agizo la mwaka 1933 liliruhusu siku 60 kwa mwaka za kazi za lazima, na wakati wa vita siku hizo zikaongezwa mpaka 120. Asiyepalilia alipelekwa mbele ya hakimu. Na hakimu alikuwa nani? Wazee wa Kabambare wajua. Alikuwa bwana mkubwa wa teritwari. Yeye aliyeamuru pamba ipandwe ndiye aliyehesabu kodi, ndiye aliyetuma polisi, ndiye aliyekaa mezani kama hakimu wa tribinali ya polisi, ndiye mwenye funguo za boloko. Na kwa agizo la tarehe 15 Aprili 1926 juu ya tribinali za wenyeji, tribinali ya teritwari nayo, pale tulipoambiwa tutahukumiwa kwa desturi zetu wenyewe, iliongozwa na bwana huyo huyo. Ni kweli hakula mbuzi. Angelia mbuzi wa nini, ikiwa pamba yote, kodi yote na siku 60 za jasho la kila mwanaume zilikwisha kupita mezani pake? Mtu aliyekalia ghala haibi kikapu. Fimbo ilifutwa mwaka 1959 tu, wakati Mbelgiji alipokuwa amekwisha kufunga sanduku lake.

Hata ndoa hawakuiacha. Lile lililosemwa na Hamilton juu ya mke wa Amkeyo, Wabelgiji walilifanya sheria ya nchi nzima: agizo la tarehe 4 Aprili 1950 lilisema kwamba mke wa pili aliyeolewa baada ya tarehe 1 Januari 1951 si mke. Kasongo, mji wa misikiti na wa wazee waliooa kwa Kurani, haukuulizwa. Watoto waliozaliwa baada ya hapo wakaandikwa katika vitabu vya Leta kana kwamba walianguka kutoka mtini.

Wanaosema haki ilikuwako na watujibu hili: hiyo haki iliacha nini nyuma? Tarehe 30 Juni 1960, siku bendera iliposhushwa, Kongo haikuwa na hakimu hata mmoja mweusi katika tribinali za sheria iliyoandikwa, wala wakili. Miaka 75 walihukumu, na hawakumfundisha hata mtu mmoja kuhukumu! Marcel Lihau, mmoja wa watu wetu wa kwanza kushika masomo ya sheria ya chuo kikuu, alikuwa bado mwanafunzi Louvain. Ilibidi mahakimu waletwe toka nchi za ng'ambo, na chuo cha sheria na utawala kifunguliwe haraka haraka Leopoldville mwaka 1961. Twaambiwa tulivunja nyumba ya haki. Tulirithi nyumba ambayo mwenyewe aliondoka na mafundi wote.

Na nyumba yenyewe tuliijua. Mwezi wa Januari 1960 tribinali ya Stanleyville ilimhukumu Patrice Lumumba, aliyewahi kufanya kazi Kalima hapa hapa Maniema, miezi 6 ya kifungo kwa fujo za Oktoba 1959. Hukumu ilitoka tarehe 21. Kabla wiki haijaisha mfungwa alikuwa Bruseli, kwenye Meza ya Mviringo, kwa sababu Wabelgiji walihitaji kuzungumza naye. Ikiwa hukumu ilikuwa haki, mbona ilifunguliwa kama kifundo cha kamba mbovu? Ikiwa haikuwa haki, mbona ilitolewa? Boloko lilikuwa mfuko wa siasa: huingiza mkono ukitia, huingiza mkono ukitoa.

Sasa hapa tugeuke tujitazame sisi wenyewe, maana Mbelgiji ameondoka siku nyingi na twaona kiti chake bado kina joto. Lihau alirudi, akafundisha, akasaidia kuandika Katiba ya Luluabourg ya mwaka 1964, na mwaka 1968 akawa mkuu wa kwanza wa Mahakama Kuu ya nchi yetu. Wakili, mwanasiasa, jaji. Kazi zake zilifuatana kama za yule wa Scotland. Lakini ona tofauti. Mwaka 1975 utawala wa Mobutu ulitaka wanafunzi walioandamana wapewe adhabu kali, naye akakataa kuwa mkono wa adhabu ile. Akapoteza kiti. Mwaka 1982 alikuwa miongoni mwa waanzilishi wa UDPS, akateswa kwa ajili hiyo, akaenda uhamishoni Marekani, na huko alifariki mwaka 1999. Huyu hakungoja kuwa mbunge wa mbali ndipo aseme. Alisema akiwa kitini, na kiti kikaenda. Je, katika Kasongo kuna shule ngapi zinazofundisha jina lake? Vijana wetu wamjua Mobutu, wamjua Leopold, jaji aliyesema HAPANA hawamjui.

Na ile sheria ya 1885, mwafikiri imekufa? Sheria ya tarehe 20 Julai 1973 yasema kwamba ardhi ni mali ya taifa, na taifa ndilo peke yake lenye ardhi. Kuhusu mashamba ya vijiji, sheria ile iliahidi kwamba Rais atatoa agizo la kueleza haki zao. Miaka 40 ilipita agizo halijatoka! Katika miaka hiyo mkulima wa Kabambare alisimama pale pale aliposimama Ole Njogo: ana ahadi, hana mlango. Kampuni ikija na hati ya Kinshasa, yeye huonekana mgeni juu ya kaburi la babu yake. Namoya ni shahidi. Dhahabu iko chini ya miguu ya watu wa Kabambare. Hati ilikuwa ya kampuni ya Banro ya Kanada, iliyoanza kutoa dhahabu, ikasimamisha kazi mwaka 2019. Katikati yake ulikuwako ugomvi wa wachimbaji wa mikono na kampuni juu ya mashimo, na bunduki zikaingia msituni. Wengine wasema ni ushenzi wa watu wa huko. Sisi twasema: mtu aliyefungiwa mahakama hutafuta mlango mwingine, na mlango wa bunduki daima uko wazi.

Katiba yetu ya mwaka 2006 yasema mahakama ni huru mbele ya serikali na mbele ya Bunge. Maneno mazuri. Mwezi wa Januari 2011 Katiba ikabadilishwa, na waendesha mashitaka wakatolewa katika kifungu hicho cha 149 kinachotaja nguvu huru ya mahakama. Yaani anayeamua nani ashitakiwe na nani aachwe amevutwa karibu na waziri. Bwana mkubwa wa teritwari amevua kofia yake ya kizungu, lakini funguo zile zile zinalia kiunoni. Na sheria ya tarehe 11 Aprili 2013 yataka tribinali ya amani katika kila teritwari, ili mtu wa Kabambare asitembee kwa miguu na baiskeli mpaka Kasongo, na wa Kasongo asisafiri zaidi ya kilomita 200 mpaka Kindu, kwa shauri la shamba la mihogo. Tribinali ya kweli, twasema, yenye hakimu anayelala hapo hapo, mwenye mshahara unaofika, mwenye karani na karatasi. Si kibao ukutani.

Kwa hiyo wazee wetu wanaoililia haki ya Wazungu, twawaomba kwa heshima: machozi yenu yana sababu, lakini mwayamwaga kwenye kaburi lisilo lenu. Mnachokosa si hakimu mwenye ngozi nyeupe. Mnakosa hakimu ambaye hakuwekwa na yule mnayemshitaki, na sheria inayojua kwamba mlikuwako kabla yake. Kitu hicho Hamilton hakuwa nacho cha kuwapa Wamasai, ingawa alikuwa mwema. Wabelgiji hawakuwa nacho cha kutupa sisi, wala hawakukitafuta.

Wakati wa kura waheshimiwa watakuja tena na fulana na chumvi. Msiwaulize habari za barabara peke yake. Mwulizeni kila mmoja wapi alisimama juu ya kifungu cha 149, na atafanya nini juu ya ardhi za vijiji vya Kabambare zilizoandikiwa watu wa mbali, na hakimu wa tribinali ya amani alipwa na nani na kwa mwezi gani mara ya mwisho. Aandike majibu yake, atie sahihi, karatasi ibaki kijijini. Na akianza kuwachekesha kwa habari za mahakimu wala mbuzi, mrudisheni kwenye ardhi.